Kesi ya Mke wa Dereva wa Lori

4 Februari

Mwanangu Kengele,

Pokea salamu za tanurini, bado zina moto. Mimi mzima, ila magoti yameamua kuzeeka kabla yangu. Baba yako amenunua viatu vipya na amevitembeza mtaa mzima hadi mbwa wamevizoea. Mama yako anasema ule. Nimemuuliza kama ana neno jingine, akasema hapana, mwambie tu ale. Mikate inatoka vizuri, ila mlango wa tanuri haufungi sawasawa, ikabidi niite fundi. Ni mgeni hapa mjini, watu wanamwita Bisibisi. Hana maneno mengi. Alikuja Alhamisi.

Sasa neno lenyewe. Nimeshindwa kesi.

Najua hukujua kama nina kesi. Sikutaka kuandika mpaka nishinde, na sasa sijashinda. Nilikwenda kwa hakimu kuomba mume wangu ahesabiwe kuwa amekufa. Usishtuke. Tangu Mluzi aliponiaga mlangoni kwamba anakwenda kuangalia kazi ya kwenye machimbo, atarudi Jumapili, imepita miaka kumi na tisa. Hakuna barua wala salamu, wala mtu aliyesema nimemwona. Mimi si mke, si mjane, ni kama donge lililosahauliwa kwenye beseni.

Hakimu alinisikiliza vizuri, kisha akauliza alibeba nini. Nikasema ukweli: shati la kubadilisha na wembe wa kunyolea. Akasema, "Mtu aliyebeba wembe alikusudia kuishi mahali." Halafu shemeji yangu, yule seremala, mdogo wake Mluzi, akasimama akasema kaka yake yu hai, moyo wake unamwambia. Ombi likatupwa.

Wakili wangu, binti mdogo kuliko wewe lakini mkali kama pilipili, amekata rufaa. Nayo inakuja huko huko kwenye mahakama yako. Wewe uko humo ndani unapiga chapa hukumu kutwa. Lichungulie faili langu, uniambie upepo unavumia wapi.

Usiniulize karatasi hii naitakia nini baada ya miaka yote. Ni mambo ya karatasi tu.

Shangazi yako anayekupenda

22 Februari

Shikamoo Shangazi,

Barua yako imefika ikiwa na unga kwenye mikunjo, nikainusa kwanza ndipo nikaisoma. Mimi mzima. Mwambie mama ninakula. Chumba changu bado kipo juu ya duka la viatu, na muuza viatu bado anaimba akiwa anapiga misumari, sauti na nyundo haviendi pamoja hata siku moja. Bati linavuja sehemu moja, nimeweka sufuria. Kazini tuko wapigachapa watano chumba kimoja, mashine zikianza unadhani ni mvua ya mawe. Mwenzangu mmoja ameposwa, amekuwa akikosea herufi kila mstari.

Nimesikitika kwa habari zako, Shangazi, na nimesikitika kwamba ulizibeba peke yako. Namkumbuka Mluzi. Ndiye aliyenifundisha kupiga mluzi kwa vidole viwili, mama akanichapa, naye akaja kuomba achapwe yeye.

Pole na mlango wa tanuri. Viatu vya baba ni vya rangi gani?

Mwanao

10 Machi

Kengele,

Sisi wazima. Viatu ni vya kahawia. Umeridhika?

Nimeisoma barua yako mara tatu, mbele na nyuma. Ukurasa wa kwanza muuza viatu, ukurasa wa pili bati na sufuria. Kesi yangu haimo. Tulikuita Kengele kwa sababu ulikuwa hunyamazi. Hata siri ya keki ya siku ya kuzaliwa ya baba yako ulimwambia mwenyewe asubuhi. Leo nakuuliza neno moja, unaniambia habari ya sufuria.

Bora wakili. Amekuja hapa, akakaa kwenye gunia la unga na koti lake jeusi, akaondoka mweupe mgongo mzima. Alinieleza hivi. Mahakama ni ngazi. Chini yuko hakimu wetu, juu yake kuna mahakama yenu ya rufani, na juu kabisa ipo Mahakama ya Juu. Jambo likishaamuliwa huko juu kabisa, wa chini hawana ruhusa ya kuamua kinyume, hata kama roho zao zinawasha. Na jambo langu limeshaamuliwa! Miaka mitatu iliyopita, kwa mke wa dereva wa lori. Mumewe aliondoka na mzigo, hakuonekana tena. Mahakama ya Juu ikasema: mtu asiposikika kwa miaka saba na wale ambao wangesikia habari zake kama angekuwa hai, achukuliwe kuwa amekufa. Anayesema yu hai, huyo ndiye alete ushahidi.

Nikamwambia, "Basi kama ilishasemwa, mbona hakimu wetu hakusikia?"

"Alisikia, mama. Alisema kesi yako ni tofauti. Dereva hakubeba wembe."

Nilicheka hadi nikakaa chini. Kumbe maisha yangu yameshikwa na wembe.

Shemeji hanisalimii siku hizi. Mkate bado anakula wangu, lakini anamtuma jirani aje kununua, na jirani huyo hajui kudanganya. Namwambia mpe huyu laini, meno ya seremala si mazima.

Fundi amekuja tena. Safari hii ni bawaba.

Haya, sasa nijibu kama mtu.

Shangazi yako

1 Aprili

Shikamoo Shangazi,

Salamu kwa wote. Mvua imepungua, sufuria imerudi jikoni. Mwenzangu aliyeposwa amepewa likizo, tunapumua.

Shangazi, nakuomba usiniulize tena habari za kesi. Usiniulize hata kwa mafumbo. Sina jibu, na hata sababu ya kutokuwa na jibu siwezi kuiandika sasa. Ninakupenda kuliko ninavyoweza kusema. Naomba unielewe, na kama huwezi kunielewa, nivumilie.

Ila na mimi nina swali. Mlango gani huo wa tanuri unaoharibika kila Alhamisi?

Mwanao

8 Aprili

Mwana wa kaka,

Barua imefika. Sisi wazima. Mikate inaumuka.

Shangazi yako

5 Mei

Shikamoo Shangazi,

Nilikuandikia tarehe kumi na tano, nikaandika tena mwisho wa mwezi. Naona hujajibu, au posta imelala. Baba ameniandikia kwamba u mzima na kwamba kila akitaja jina langu unaanza kukanda unga kwa nguvu. Niandikie hata mstari mmoja wa kunigombeza.

Mwanao

13 Juni

Shangazi yangu mpendwa,

Wakili wako alikimbilia posta kabla ya mimi kushuka ngazi, kwa hiyo simu yake ya maandishi itakuwa imeshakufikia. Umeshinda! Naandika hili neno kwa herufi kubwa kichwani mwangu. Na kwa kuwa imekwisha, sasa mdomo wangu umefunguliwa, nitasema yote mpaka wino uishe.

Faili lako lilifika tarehe kumi na nane Februari. Nililiona juu ya meza yetu, likiwa na jina lako kwenye jalada, asubuhi, kabla sijavua hata koti. Nilisimama pale kama mtu aliyekutana na mzazi wake sokoni ugenini. Kisha nikaenda moja kwa moja kwa msajili nikamwambia, "Mzee, mrufani huyu ni shangazi yangu, dada wa baba."

Akaniangalia. "Umelifungua?"

"Sijaligusa."

"Vizuri. Basi kuanzia leo hulijui. Na yeye asijue kutoka kwako hata hali ya hewa ya jengo hili."

Siku ile ile akanihamishia chumba cha kumbukumbu, kule chini, nikapange majalada na kufuta vumbi. Miezi minne, Shangazi. Barua yako ilipofika nilikuwa nimeshatoa ahadi. Ningekuandikia hata "usijali", upande wa pili ungeweza kusema mwana wa mrufani ameona kitu. Ushindi wako ungeingia doa. Nikachagua bati na sufuria. Ulipoandika ile barua ya mistari miwili nililia, kisha nikaipanga katikati ya barua zako nyingine, maana nayo ni yako.

Lakini huko chini nilimkuta mke wa dereva wa lori. Hukumu yake imechapishwa, iko rafuni, yeyote anaruhusiwa kuisoma. Alikuwa dobi. Alingoja miaka kumi na mmoja. Alikataliwa kwa hakimu, akakataliwa hapa hapa kwetu, akapanda mpaka juu kabisa, na huko walipomuuliza kwa nini hachoki alijibu, imeandikwa, "Kuchoka nimechoka, waheshimiwa, lakini nyumbani ni mbali." Niliisoma nimesimama, na kitambaa cha vumbi mkononi.

Siku ya kusikilizwa niliomba ruhusa nikakaa nyuma na watu wengine. Majaji watatu. Wa katikati ni yule mzee mwenye sauti kavu, tunamwogopa mpaka wapigachapa. Hakungoja.

"Wakili, huyu mume aliondoka na wembe."

"Ndiyo, Mheshimiwa."

"Mtu anayekwenda kufa hajinyoi ndevu."

Binti yako wa pilipili hakutikisika. "Mheshimiwa, anayekwenda kufa hajui kwamba anakwenda kufa. Huyu alikuwa anakwenda kurudi Jumapili."

Watu wakacheka, hata jaji wa kushoto akainamisha kichwa kuficha meno.

Shemeji yako alikuwepo. Amevaa koti la sherehe, kofia ameishika magotini. Jaji alimuuliza wakili wake, "Mteja wako ana barua? Ana salamu? Kuna mtu aliyemwona?" Kabla wakili hajajibu shemeji akasimama mwenyewe. Si utaratibu, lakini yule mzee mkali alimwacha.

"Sina barua, Mheshimiwa. Hakuna aliyemwona. Lakini ni kaka yangu."

Jaji akaweka kalamu chini, akasema kwa upole ambao sijawahi kuusikia kwake, "Nimekusikia, baba. Kaa."

Jana wakasoma uamuzi. Nimeuandika hapa kama nilivyousikia, maana najua utataka maneno yenyewe:

"Ningekuwa huru, huenda ningelitazama upya jambo hili. Miaka saba naiona michache kwa kumzika mtu asiyeonekana. Lakini siko huru, na si vizuri niwe huru. Mahakama ya Juu imekwisha kuamua, na uamuzi wake unatufunga sisi kama unavyomfunga hakimu aliye chini yetu. Haifai mke mmoja apewe sheria hii na mke wa mji wa pili apewe sheria nyingine, kwa sababu tu majaji wamepishana fikra. Hakimu aliona wembe unaleta tofauti. Hauleti. Mahakama ya Juu haikuuliza mtu alibeba nini. Iliuliza amesikika na nani. Hapa jibu ni: hajasikika na mtu yeyote. Rufaa inakubaliwa. Hukumu ya hakimu inatenguliwa."

Ukafungwa ukurasa. Haikuchukua hata robo saa. Fikiria, mtu asiyependa jibu akalisoma mpaka mwisho bila kukunja uso.

Nilitoka mbio nikijua nitapiga kelele za furaha. Nilipofika kwenye korido nikamkumbuka Mluzi, nikaweka vidole viwili mdomoni, mluzi ukakataa kutoka. Nikalia kidogo. Halafu nikacheka. Msajili akapita, akanipa leso yake, akasema, "Kesho rudi kwenye mashine yako. Majalada umeyapanga vibaya."

Nisamehe ukimya wangu. Na sasa, Shangazi, zamu yako. Karatasi hii ulikuwa unaitakia nini?

Mwanao, Kengele

24 Juni

Kengele wangu, Kengele wa baba yako, mwanangu wa kifua,

Utanisamehe wewe kwanza. Nilikununia kama mtoto aliyenyimwa sukari, kumbe mwenzangu unakula vumbi chini ya jengo kwa ajili yangu. Baba yako nilipomsomea barua yako alisimama, akavua viatu vile vya kahawia, akavipangusa, akavaa tena. Ndivyo anavyojivunia siku hizi.

Simu ya maandishi ilinikuta nimeingiza trei mbili. Niliisoma saa nne na robo asubuhi, na saa nne na robo asubuhi nikawa mjane. Sikujua nicheke au nilie, nikafanya vyote, na mikate arobaini ikaungua. Wateja walipanga foleni mpaka nje, hakuna aliyelalamika. Mmoja alinunua ule ulioungua, akasema huu ni wa kihistoria.

Nataka kumpelekea yule dobi keki. Tafuta anuani yake. Mwanamke sijawahi kumwona, amenifungulia mlango na kwenda zake.

Shemeji alirudi kwa basi siku ya tatu. Nilimwona anavuka barabara, nikasema leo tutagombana, nikajifuta mikono tayari. Akaingia, akakaa kwenye gunia. Alikaa nusu saa nzima, mimi nauza, yeye anatazama tanuri. Nikampa mkate. Akaumega, akautazama, akasema, "Kaka alikuwa hapendi ganda gumu."

Alikuwa. Miaka kumi na tisa sijawahi kumsikia akisema alikuwa. Kwake ilikuwa kaka anapenda, kaka atakuja, kaka hawezi kufanya hivyo.

Nikasema, "Alikuwa akilitupia kuku wa jirani, halafu anasema kuku wananenepa kwa sala."

Akacheka. Alicheka mpaka machozi, na machozi yalipoanza hayakukatika. Nilifunga duka mchana kweupe, wateja wakagonga wakachoka. Tulimzungumza Mluzi mpaka saa kumi: alivyokuwa akidanganya kwenye karata, alivyoogopa nyuki, alivyopiga mluzi makaburini wazee wakamfukuza. Alipoondoka shemeji akaniambia, "Sikukupinga wewe. Niliogopa nikinyamaza nitakuwa nimemzika kwa mkono wangu." Nikamwambia hujamzika wewe, wamemzika watu wenye majoho, sisi tumemlilia tu. Akasema basi kesho naja mwenyewe kununua, huyo jirani ananiibia mkate mmoja kila siku.

Sasa swali lako. Mlango wa tanuri haujaharibika tangu Desemba.

Ndiyo. Umeridhika? Bisibisi alinitamkia mwezi ule wa Desemba, ameshika ufunguo wa nati, mikono imejaa masizi. Nikamjibu, mimi mke wa mtu. Akauliza, yuko wapi? Nikasema sijui, na hapo ndipo penye tabu. Akafikiri, akasema, "Basi nitasubiri. Tanuri lina vitu vingi vya kuharibika." Tangu hapo anakuja kila Alhamisi, anafungua parafujo anafunga parafujo, anakunywa chai, anaondoka. Hajanigusa hata kidole. Sikukuandikia kwa sababu niliona haya, mwanangu. Mwanamke wa miaka hamsini na nane anakwenda mahakamani ili aposwe! Nilisema nikishindwa, bora nishindwe bila mtu kujua nilikuwa nataka nini.

Shangazi yako, mjane, na mchumba wa mtu

3 Julai

Shikamoo Shangazi!

Nimepiga vigelegele chumbani mpaka muuza viatu amegonga dari kwa ufagio. Nimemshukia nikamsomea barua yako yote, sasa anaimba wimbo wa harusi, bado hauendi na nyundo.

Nilijua! Nilijua tangu bawaba!

Dobi nimemtafuta. Anuani iliyo kwenye jalada ni ya zamani, barua yangu imerudi. Nitajaribu tena.

Likizo yangu inaanza Septemba. Nisubirini, msithubutu kufunga ndoa bila mimi.

Kengele

19 Agosti

Mwanangu,

Tumethubutu.

Usinune. Nimesubiri miaka kumi na tisa, sikuweza kusubiri likizo. Septemba ukija tutafanya sherehe yenyewe, na keki nitaoka ya ghorofa tatu, fundi ameshapima mlango wa tanuri kama itapita. Haipiti. Anaupanua.

Baba na mama yako wazima. Mama yako anasema ule.

Kuna habari ya mahakamani nikuambie kwanza, maana ni ya kazi yako. Wakili alinisimulia kwamba wiki ile ile nakala ya uamuzi wangu ilipomfikia hakimu wetu, kulikuwa na wanawake wawili kwenye benchi na ombi kama langu. Mmoja amengoja miaka tisa, mwingine kumi na minne. Hakimu alisoma nakala, akavua miwani, akawaita mmoja mmoja. Aliyetaka kueleza mumewe alibeba nini, hakimu akamkatiza, "Mama, hilo halitakiwi tena." Kabla ya saa ya chai wote wawili walikuwa wamemaliza. Mmoja alikuja dukani kunishukuru. Nikamwambia usinishukuru mimi, kuna dobi mahali fulani, na hata yeye simjui.

Sasa ndoa. Tulikwenda kwa msajili wa ndoa Ijumaa asubuhi. Mimi gauni la bluu, fundi suti ya kuazima, mikono ameisugua mpaka imekuwa myekundu. Karani akauliza, "Mama, umewahi kuolewa?" Nikasema ndiyo. "Hali yako sasa?" Nikavuta pumzi. Neno hili nimelipata mahakamani kwa jasho, sikutaka kulisema haraka. Nikasema, "Mjane." Akaandika bila hata kuinua macho.

Tulitakiwa kuwa na mashahidi wawili. Wa kwangu ni baba yako. Wa fundi, binamu yake, basi limemharibikia njiani. Tukangoja. Karani akatazama saa, akasema ana ndoa nyingine nne. Fundi akaanza kutoka jasho shingoni, mtu aliyesubiri kwa subira tangu Desemba, akashindwa dakika kumi.

Mlangoni alikuwa amesimama shemeji. Alituambia tangu mwanzo kwamba ndani haingii, amekuja kutusindikiza tu, atangoja nje na kofia yake. Karani akamnyooshea kalamu.

"Wewe mzee wa mlangoni, unajua kuandika jina lako?"

"Najua."

"Unamfahamu huyu mama?"

Mimi nilikuwa natazama sakafu, sikutaka aone kwamba ninaomba.

"Namfahamu," akasema. "Alikuwa mke wa kaka yangu."

Akaingia. Akavua kofia, akampa baba yako amshikie, akainama mezani akaandika jina lake polepole, herufi moja moja, kama anayechonga. Karani hakumharakisha. Alipomaliza akainuka, akamgeukia fundi, akamshika bega kwa ule mkono wake mzito wa seremala, fundi akayumba.

"Sikiliza, bwana. Ukipotea na wewe, mimi miaka saba sisubiri. Siku ya pili nimeshakufuata."

Karani alicheka mpaka muhuri ukaangukia upande, ndiyo maana kwenye cheti chetu umekaa mshazari. Nimekutumia nakala uone.

Shangazi yako, mke wa Bisibisi